Beki aliyehama kwa kalenda: kisa cha Andrew Mwesigwa

Kijana mmoja wa timu yetu ya kambini alinifuata kabla ya mazoezi, simu mkononi. Ni beki wa kati, ana miaka 21, mrefu, si mwepesi wa kugeuka, lakini mpira wa juu ukija haumpiti. "Shikamoo kochi. Nimepata timu." Alikuwa ametumiwa picha za kurasa tatu za mkataba: klabu ya daraja la pili, msimu mmoja, katika nchi ambayo ilibidi aitafute kwenye ramani. Mjomba wake alikuwa ameshatoa hukumu kwamba akatae, asubiri Ulaya "yenyewe". Mama yake alitaka kujua jambo moja tu, kama huko kuna baridi.

Sikumjibu siku hiyo. Nilimwambia aje Jumapili pamoja na mjomba. Usiku nikachukua daftari nikaanza kuandika safari ya beki ambaye vijana wetu hawamjui vizuri, ingawa baba zao walimshangilia uwanjani Namboole mpaka sauti zikakauka: Andrew Mwesigwa, ambaye wengi tulizoea kumwita Andy. Ukiwaambia vijana hawa wataje mabeki wa Uganda, humtaja haraka Juuko Murshid, na sababu ni Simba. Aliyevaa jezi ya Msimbazi anajulikana hadi Busia. Mwesigwa alivaa jezi ambazo mimi sijawahi kuziona kwenye kibanda chochote cha video hapa Kampala.

Safari yenyewe ni hii: SC Villa hapa nyumbani, ÍBV ya Iceland kuanzia 2006 hadi 2009, Chongqing Lifan ya China mwaka 2010, halafu Ordabasy ya Kazakhstan kuanzia 2011. Jumapili mjomba alipoiona orodha hiyo alicheka. "Mzee, huyu si alikuwa anatangatanga tu?" Wengi wataisoma hivyo. Mimi nimeisoma mara kadhaa na naona kitu kingine kabisa, ila kukieleza kunahitaji kuanzia mbali kidogo.

Tuanze na Villa. Mwesigwa alizaliwa 1984 na akakulia kisoka katika Villa iliyokuwa inameza kila kitu. Kuanzia 1998 hadi 2004 hakuna timu nyingine iliyotwaa ubingwa wa Uganda. Ilishinda pia Kombe la Kagame, la klabu za Afrika Mashariki na Kati, mwaka 2003 na 2005, na kwa sehemu ya miaka hiyo kocha wake alikuwa Micho Sredojević, yule yule ambaye mwaka 2013 angepewa Cranes, timu ya taifa ya Uganda. Beki wa timu kama hiyo ana tatizo ambalo halisemwi sana: hapati kazi ya kutosha. Mechi nyingi za nyumbani timu yake inashambulia, yeye amesimama katikati ya uwanja mikono kiunoni. Mshambuliaji wa Villa alikuwa na mabao ya kumwonyesha wakala. Beki angeonyesha nini? Kwamba hakufungwa na timu ambayo haikuvuka nusu ya uwanja?

Hapa ndipo kazi ya beki inapotofautiana na ya wengine, na kijana wangu alihitaji kulielewa hili kabla ya lingine lolote. Ligi nyingi zina kikomo cha wachezaji wa kigeni. Klabu yenye nafasi tatu au nne za wageni huzitumia kwanza kwa washambuliaji, kisha kiungo mchezeshaji. Beki wa kigeni husajiliwa pale tu klabu inapokuwa na shida inayouma: inafungwa kwa vichwa, haina mtu wa kupanga mstari, au mzee wa safu yao amestaafu. Kwa hiyo beki huitwa penye moto. Milango anayofunguliwa ni michache, na mingi iko kwenye nyumba zinazovuja. Ukilijua hilo, orodha ya Mwesigwa haishangazi tena.

Iceland ilivuja mapema. ÍBV ni klabu ya Vestmannaeyjar, visiwa vilivyo kusini mwa nchi hiyo, vyenye watu 4,000 hivi. Umati wa mechi moja ya Villa na Express ungewameza wote. Mwaka 1973 volkano ililipuka hapo hapo kando ya mji, watu wakahamishwa kwa mashua usiku, na majivu yakafukia nyumba nyingi. Wakarudi, wakafagia, wakaendelea na uvuvi na mpira. Siku za Mwesigwa, kivuko cha kwenda bara kilichukua karibu saa 3 kwenye bahari isiyo na adabu. Kila mechi ya ugenini ilianza kwa safari ya meli au ndege ndogo, na upepo ukikataa mnabaki mlipo.

Msimu wake wa kwanza, 2006, ÍBV ikashuka daraja.

Nimeuacha mstari huo peke yake kwa sababu wengi wangeondoka hapo. Beki mgeni, mwaka wa kwanza Ulaya, timu imeshuka: kwenye karatasi ameshaharibika. Alibaki. Ilichukua misimu miwili huko chini, na mwaka 2008 ÍBV ikapanda tena, ikaanza 2009 ikiwa ligi kuu naye akiwemo. Kwa maoni yangu hii ndiyo miaka iliyomtengeneza kuliko Villa, maana daraja la pili la visiwani humpa beki kile ambacho Villa haikuweza kumpa: mipira mirefu kila wiki, upepo unaougeuza mpira ukiwa hewani, na washambuliaji wenye mabega. Beki akitoka salama hapo, mpira wa juu haumtishi popote duniani.

Kuna jambo la pili kuhusu Iceland ambalo hatulikumbuki tunapohesabu mishahara ya watu. Oktoba 2008 benki zote tatu kubwa za nchi hiyo zilianguka ndani ya wiki moja, na króna ikapoteza karibu nusu ya thamani yake mbele ya yuro mwaka huo. Sijui mkataba wa Mwesigwa uliandikwa kwa sarafu gani, na si kazi yangu kujua. Lakini najua kwamba mchezaji yeyote aliyelipwa kwa króna na kutuma pesa Uganda alijikuta anafanya kazi ile ile huku mtu wa nyumbani akipokea pungufu sana. Tangu nilipolielewa hilo, swali langu la kwanza nikiona mkataba ni sarafu. Tarakimu nasoma baadaye.

Na kuna la tatu, ambalo halikuwa lake peke yake. Yeye na Augustine Nsumba walifika ÍBV mwaka 2006. Baada yao akaja Tonny Mawejje, kisha kipa Abel Dhaira, ambaye wasomaji wa Tanzania watamkumbuka kwa kipindi chake Simba kabla ya kurudi kisiwani, na ambaye saratani ilimuua Iceland mwaka 2016 akiwa bado kijana. Mungu amrehemu. Kisiwa cha wavuvi kikawa njia ya Waganda. Klabu ndogo haina maskauti wa kutuma Afrika, hivyo inachukua mtu mmoja, ikiona hajawaletea aibu inauliza: nyumbani kwenu kuna wengine kama wewe? Mshambuliaji akifeli hasemi lolote kuhusu nchi yake, watu watadhani ana gundu. Beki anayefika mazoezini kwa wakati miaka minne, hata timu ikiwa chini, anaacha mlango wazi nyuma yake.

Sasa nifike kwenye kalenda, jambo lililonikosesha usingizi usiku ule wa daftari.

Ligi ya Uganda huanza karibu Agosti au Septemba na kuisha karibu Mei. Ligi kubwa za Ulaya tunazozitazama ni hivyo hivyo. Ligi ya Iceland ilianza Mei na kuisha mwishoni mwa Septemba. Ya China, Machi hadi Novemba. Ya Kazakhstan, Machi hadi Novemba. Zitazame vizuri. Nchi tatu ambazo hazifanani kwa lugha, chakula wala dini, na zote zinacheza ndani ya mwaka mmoja wa kawaida, kwa sababu ya baridi au kwa desturi. Mtu akimaliza msimu Iceland mwishoni mwa Septemba, ana majira yote ya baridi kutafuta kazi, na Januari na Februari ndipo klabu za China na Kazakhstan zinapofanya usajili wao mkubwa. Hapotezi hata nusu msimu. Hakai miezi sita akifanya mazoezi peke yake Kampala huku watu wakimuuliza sokoni, "Bado uko huku?"

Je, Mwesigwa au wakala wake waliipanga hivyo kwa makusudi? Siwezi kuapa. Inawezekana njia ilijitengeneza yenyewe: ukishaingia kwenye kundi la ligi za aina hiyo, ni rahisi kuhamia nyingine ya kundi lilo hilo kuliko kurukia ligi za Agosti hadi Mei. Beki wa Iceland anayetaka kwenda Ubelgiji Januari anaingia timu iliyo katikati ya msimu, ambayo haimjui, na ambayo Januari inatafuta mabao. Aende Kazakhstan Februari, anakuta kila mtu anaanza siku moja. Kwa beki, kuanza pamoja na wenzake ni nusu ya kazi, maana safu ya ulinzi hujengwa mazoezini kabla ya msimu, kwa kupiga kelele na kukosea.

China sitakaa sana. Chongqing ni jiji la joto linalosifika kwa pilipili, na klabu ile ilikuwa kwenye ligi kuu mwaka 2010 kwa bahati: msimu uliotangulia ilikuwa ya kushuka, lakini timu nyingine zikateremshwa kwa sababu ya kashfa ya kupanga matokeo iliyoitikisa soka ya China nzima, nayo ikasalia. Mwaka 2010 wakashuka kweli. Nyumba inayovuja, tena. Msimu mmoja, akaondoka.

Kazakhstan ndipo orodha inapobadilika sura. Ordabasy ni klabu ya Shymkent, mji wa kusini kabisa ulio karibu na Tashkent, mji mkuu wa Uzbekistan, kuliko na mji mkuu wa nchi yake. Klabu imechukua jina la kilima ambako Wakazakh wanasema koo zao tatu kuu ziliungana mwaka 1726 kupigana na adui wa mashariki. Majira ya joto ni jua kali, si ile baridi aliyoiogopa mama wa kijana wangu. Na kuna sadfa ya kiutawala inayofaa kujulikana: mwaka 2002 chama cha soka cha Kazakhstan kilihama kutoka shirikisho la Asia kwenda la Ulaya. Ndiyo maana klabu iliyo jirani na Uzbekistan ikitwaa kombe la nchi inapanga foleni ya mchujo wa Europa League. Ordabasy walilitwaa mwaka 2011, msimu wa kwanza wa Mwesigwa, kwa kuifunga Tobol bao 1–0 fainali. Lilikuwa taji lao kubwa la kwanza.

Bao 1–0. Mabeki wanajua maana ya alama hiyo.

Hakuondoka baada ya msimu mmoja; alikaa pale miaka. Hivyo nilimwambia mjomba: mtu aliyekaa misimu minne kisiwani na misimu kadhaa Shymkent, akapita China mara moja tu, hatangatangi. Anatafuta mahali panapomlipa, panapomchezesha kila wiki, na akipapata anatulia. Wanaohamahama kweli ni wale ambao ukurasa wao una klabu tisa kwa miaka saba, mechi nne hapa, mechi sita pale.

Mjomba hakukubali haraka, na namheshimu kwa hilo. Akaniuliza kuhusu Ibrahim Sekagya. Swali zuri, maana Sekagya naye alikuwa beki wa kati, alikuwa nahodha wa Cranes kabla ya Mwesigwa, naye pia alianzia mbali na macho yetu: Argentina, Ferro Carril Oeste, baadaye Arsenal de Sarandí. Lakini kutoka hapo mwaka 2007 akapanda hadi Red Bull Salzburg, akatwaa ubingwa wa Austria zaidi ya mara moja, akamalizia New York. Safari yake ilikuwa ngazi. Ya Mwesigwa ilikuwa barabara tambarare. Mjomba anataka ngazi kwa mtoto wa dada yake, nani asiyetaka? Ila Argentina ni dirisha ambalo wanunuzi wa Ulaya wamesimama mbele yake kila siku. Iceland ya 2006 haikuwa hivyo, na Kazakhstan haijawa. Hapa siwezi kumtetea Mwesigwa hadi mwisho: ligi zile zilimpa kazi, na zilimficha. Beki akifikisha miaka 27 mahali ambapo hakuna anayemtazama, kupanda kumekwisha, hata awe mzuri kiasi gani.

Waliomtazama walikuwa sisi, tena kwa dakika 90 kila baada ya miezi. Hapo nako kalenda ilikuwa upande wake. Mechi nyingi za kufuzu huchezwa Juni, Septemba na Oktoba. Septemba mchezaji wa Uingereza au Ubelgiji ndiyo kwanza anapata pumzi ya msimu, ila wa Kazakhstan ameshacheza tangu Machi. Kampeni ya kufuzu Kombe la Afrika la 2012 ni ushahidi wa jinsi ulinzi wetu ulivyokuwa. Katika mechi sita Uganda ilifungwa mabao mawili tu, yote Luanda siku moja. Angola tulikuwa tumewafunga 3–0 hapa. Kenya 0–0 Nairobi. Kisha 8 Oktoba 2011, Namboole imejaa hadi kwenye nguzo za taa, Kenya tena, tunahitaji ushindi tu. 0–0. Angola wakashinda ugenini Guinea-Bissau, wakamaliza na pointi 12, sisi 11, wao wakafuzu.

Nilikuwa pale. Kwa beki, jioni ile ni fumbo la maisha yake yote ya kazi: amefanya alichoajiriwa kufanya, hakuna bao lililoingia, na bado amepoteza. Hakuna anayemlaumu, hakuna anayemkumbuka.

Mwaka uliofuata, Mwesigwa akiwa nahodha, ikawa Zambia, mabingwa wa Afrika. 1–0 kwao Ndola, 1–0 kwetu Oktoba 2012 kwa bao la Geoffrey Massa, matuta yakafika 9–8, Zambia wakaenda Kombe la Afrika huko Afrika Kusini. Uganda ilirudi Kombe la Afrika mwaka 2017 huko Gabon, mara ya kwanza tangu 1978, na kizazi cha Sekagya na Mwesigwa kilikuwa kimeshapita. Waliobeba mawe ya msingi hawakulala ndani ya nyumba. (Mjomba hapa alinyamaza. Naye alikuwa Namboole, jukwaa la mashariki.)

Basi, kurasa tatu za kijana. Nilizisoma naye mstari kwa mstari, na mambo niliyotafuta yalitoka kwenye daftari la Mwesigwa. Sarafu: dola, sawa. Mechi za ugenini: ndege au basi, nani analipa. Nafasi za wageni: klabu ina wageni wangapi, na wangapi ni mabeki. Hilo la mwisho hakujua, nikamwambia aulize, maana kama tayari wana mabeki wawili wa kigeni yeye anakwenda kukaa benchi.

Nikamweleza pia haki ambayo vijana wengi huondoka bila kuijua. Kanuni za FIFA zinasema klabu ikikaa bila kulipa angalau mishahara miwili ya mwezi kinyume cha mkataba, mchezaji anaweza kuitaka kwa maandishi ilipe, akiipa siku 15. Wasipolipa, ana sababu ya haki ya kuvunja mkataba, na madai yake yanaweza kufika FIFA kabla miaka miwili haijapita. Maandishi, siyo sauti ya WhatsApp kwa katibu wa klabu. Nina mchezaji wangu wa zamani aliyekaa miezi saba bila senti katika nchi moja ya mbali akisubiri ahadi za mdomo, na alipofunga virago hakuwa na karatasi hata moja ya kuonyesha kwamba aliwahi kudai.

Na klabu yetu ya kambini? Kijana anaondoka akiwa huru, kwa hiyo hakuna ada ya uhamisho, na pasipo ada ile asilimia 5 inayogawanywa kwa klabu zilizomlea tangu miaka 12 haipo. Lakini akija kununuliwa baadaye kwa pesa, miaka aliyokaa nasi inahesabika, mradi imesajiliwa. Nimekuwa nikipigia kelele fomu za usajili tangu zamani, na wazazi hudhani nawasumbua. Nilikumbusha hilo mbele ya mjomba, kwa faida yangu kidogo, sikatai.

Wakala hakumtoza kitu mpaka sasa. Hiyo ni alama nzuri. Angemwomba pesa ya "majaribio" ningemfukuza na simu yake.

Ukurasa wa tatu ndio ulionisimamisha. Mkataba unaanza Februari na unaisha 30 Novemba. Nilimwonyesha tarehe hizo kwa kidole, nikazungushia duara ligi tatu kwenye daftari langu. Mjomba akavaa miwani. Kijana akatazama kwa muda, akahesabu miezi kwa vidole kama mtu anayehesabu mpangilio wa kona, kisha akauliza Kazakhstan wanalipa kwa sarafu gani.